Dakika Nzima ya Mwenyekiti

Miaka kumi na miwili baada ya vita, mhariri wa filamu alikuwa mezani akipanga mikanda iliyopigwa jijini wiki ya kwanza ya amani: foleni ya mkate, mafundi wakiziba madirisha, mbwa akijikuna katikati ya barabara kana kwamba vita kashinda yeye. Alikuwa anacheka. Mara kicheko kikamkauka mdomoni.

Kwenye mkanda, jirani yao alikuwa akifunga duka la saa la marehemu baba yake mhariri. Mwilini kavaa koti la baba, lile lenye kiraka cha kitambaa cha godoro alichokishona mama kwenye kiwiko. Baba alitoka nalo asubuhi ile askari walipomkamata. Na jirani huyohuyo alimwapia mama, machozi yakimtoka, kwamba wakati huo alikuwa amekwisha kimbia jiji, na hakurudi ila mwaka mmoja baada ya amani. Mama akamwamini. Kamnywesha chai miaka yote hiyo!

Sasa jirani huyo alikuwa mwenyekiti wa wafanyabiashara, na onyesho la mikanda hiyo lilikuwa la chama chake. Aliposikia yumo kwenye filamu, alikuja chumba cha kuhariria kifua mbele.

"Mwanangu, kumbe nimo! Basi usinipitishe harakaharaka. Watu wanione."

"Watakuona mpaka watosheke, baba."

Msiniambie habari za kusamehe. Damu ilimchemka mhariri, na akafurahi kwamba inachemka. Alichagua picha moja tu, uso na kiwiko vikionekana sawasawa, akaagiza maabara waichape mara elfu moja mia nne na arobaini. Kwa picha ishirini na nne kila sekunde, ukutani hiyo ni dakika nzima bila kutikisika. Muziki akauondoa.

Jumamosi alasiri ukumbi ulijaa. Picha iliposimama, watu walipiga makofi, mwenyekiti akawapungia mkono. Makofi yakaisha. Picha haikuondoka.

Mama, aliyekaa safu ya mbele, akainuka polepole.

"Mume wangu alitoka na koti hilo asubuhi ile waliyomkamata," alisema. "Lilikufikiaje wewe?"

Ukumbi mzima ukamgeukia mwenyekiti. Akainuka na kujipenyeza kati ya viti mpaka kwenye mtambo wa kuonyeshea picha, alipokuwa mhariri.

"Zima, mwanangu," alinong'ona, jasho likimtiririka. "Askari walinibana nimtaje. Nilikuwa na watoto."

"Na yeye alikuwa nao. Rudi ukakae, bado nusu dakika."