Mwamshaji na Sindano ya Kuzindua

Tangu amwoe dada yake Daktari, Shemeji alikuwa amepita kazi nyingi kama mtu anayepita kwenye foleni ya kulia chakula, akionja kila sahani. Aliuza masufuria yasiyounguza, nayo yakaunguza. Akauza viwanja ambavyo kila akiulizwa viliko alielekeza kwa kidevu. Mwishowe akagundua kwamba bidhaa pekee aliyokuwa nayo kwa wingi ni domo, akaamua kuliuza lenyewe bila kulifungia kwenye kitu kingine. Akashona suti nyeupe na kujiita Mwamshaji.

Kazi ya Mwamshaji ilikuwa nyepesi kuieleza. Alisimama mbele ya wafanyakazi walioletwa ukumbini na wakubwa wao, akawaambia kwamba wamelala. Aliwaambia kwa kunong'ona, kisha kwa kufoka, kisha kwa kupiga goti, na kila mara kulikuwa na mama mmoja au wawili waliofuta machozi na kukiri kwamba kweli, wamelala. Wakubwa walimpenda sana. Mfanyakazi akishakubali kwamba shida yote ni usingizi wake, haulizi tena habari za kiti kilichovunjika wala likizo iliyofutwa.

Daktari hakuwahi kwenda kumsikiliza. Yeye alikuwa daktari wa mifugo, na kliniki yake ilikuwa kwenye mtaa wa mafundi wa magari, vyumba viwili vinavyonuka spiriti na manyoya yaliyolowa. Mbuzi waliokula mifuko, paka walioanguka kutoka paani, ndama waliogoma kunyonya, wote walipita juu ya meza yake ya bati. Alikuwa mwanamke wa maneno machache, mwenye alama za meno kwenye mikono yote miwili, na alimchukulia Shemeji kama mvua: kulalamika hakusaidii, unajifunika tu.

Mambo yalianza na mguu wa Kamanda. Huyo alikuwa mbwa wa Shemeji, mkubwa kama ndama, aliyenunuliwa kulinda nyumba ambayo mwizi angeingia angetoka na huruma tu. Alikanyaga kipande cha waya, unyayo ukavimba, na hakuna aliyeweza kuugusa. Dada alimleta kliniki akimbembeleza njiani, Shemeji akifuata nyuma na kuamuru mbwa atulie, amri ambayo mbwa aliipuuza kama alivyozoea.

Daktari alimdunga dawa ya kulaza. Muda si muda Kamanda alilegea, akajinyoosha sakafuni, ulimi nje, kama gunia lililopasuka. Wakamnyanyua hadi mezani. Daktari akatoa waya, akasafisha usaha, akashona. Alipomaliza akamdunga sindano ya pili pajani, akarudi kunawa mikono. Alikuwa bado anajifuta taulo pale sikio la Kamanda lilipocheza. Kikafuata kichwa, kisha miguu ya mbele, na mara mbwa akasimama, akajikung'uta na kwenda kunusa ndoo ya takataka kama aliyetoka kupiga miayo tu.

Shemeji alikuwa amenyamaza. Dada yake Daktari alisema baadaye kwamba alipoona kimya kile alijua kuna neno, maana mumewe hakuwahi kunyamaza hata akiwa amelala.

"Hiyo ya pili ni nini?" Shemeji aliuliza.

Daktari alimweleza kwamba ni dawa ya kuzindua. Inaondoa nguvu ya ile ya kwanza, mnyama anaamka upesi badala ya kulala hapo mpaka jioni. Si ya kuchezea, akaongeza, kwa sababu mnyama huzinduka ghafla na hajui yuko wapi, na anaweza kumng'ata hata anayempenda. Shemeji aliyasikia yote hayo kwa sikio moja. La pili lilikuwa tayari linasikia makofi.

Kesho yake alirudi peke yake na mpango mzima. Alikuwa na semina kubwa inakuja, wakurugenzi watupu. Angemlaza Kamanda jukwaani, amfunike kitambaa, azungumze juu ya usingizi wa taifa zima, kisha aweke mkono juu ya kitambaa na kusema amka, na mbwa aamke. Sindano ingepitishwa chini ya kitambaa na mtu wa kuaminika. Alimtaka Daktari awe huyo mtu. Akampaka mafuta kwa mgongo wa chupa kwa muda mrefu, kwamba ana mikono ya dhahabu, kwamba kipaji chake kinafukiwa kwenye mavi ya mbuzi.

Daktari alimjibu kwamba hamlazi mnyama asiye na ugonjwa ili watu wapige makofi. Akaendelea kumkata kucha paka aliyekuwa mapajani mwake.

Jioni Mama alipiga simu. Mama alianza mbali, kwenye hali ya hewa na mgongo wake, akafika taratibu kwenye jambo lenyewe: mume wa dadako anahangaika kutafuta riziki, na wewe unamnyima usingizi wa mbwa. Daktari alisema hapana kwa Mama pia, kwa heshima zote, na Mama akakata simu kwa namna ambayo Daktari aliielewa vizuri.

Halafu Dada akaja kumsalimia. Alileta maembe, akakaa, akacheka, akasema yaliyopita yamepita, hata yeye alimwambia mumewe aachane na wazo lile. Daktari aliitwa nje kumwona ng'ombe aliyeletwa kwenye gari, na aliporudi Dada alikuwa amesimama anaaga, mkoba kwapani. Ufunguo wa kabati la dawa ulikaa juu ya fremu ya mlango. Dada ndiye aliyemsaidia kuchagua mahali hapo siku kliniki ilipofunguliwa.

Asubuhi ya semina, Daktari alifungua kabati ili amlaze mbuzi aliyevunjika pembe. Vichupa viwili havikuwepo, cha kulaza na cha kuzindua. Hakuhitaji kuuliza jirani. Alimfunga mbuzi bandeji ya muda, akamwomba mwenye mbuzi radhi, akabeba begi lake na kuondoka na koti lake la kazi, lenye madoa ya dawa kifuani.

Alichokosa kukiona alisimuliwa baadaye na Dada, kwa vipande, kati ya vilio. Nyuma ya jukwaa palikuwa na chumba cha kuwekea viti vibovu, na humo Mwamshaji alitaka yeye mwenyewe amdunge Kamanda. Hakumwachia mkewe, kwa sababu alisema mwanamke atatetemeka. Kipimo alikisia, akajaza bomba la sindano kwa ukarimu. Kamanda alivumilia nusu ya dawa, kisha akageuza kichwa na kuonyesha meno. Mwamshaji aliruka, wakagongana na viti, na sindano ikaishia kwenye kiganja chake mwenyewe, kidole gumba bado kikisukuma. Alilamba tone la damu, akasema si kitu, akarekebisha tai. Dada alimwambia wampigie Daktari simu. Akamjibu kwamba hiyo ni dawa ya mbwa, itamfanya nini mtu mzima.

Daktari alipoingia ukumbini, Mwamshaji alikuwa tayari anahutubia. Ukumbi ulikuwa na viyoyozi na mapazia mazito, na kwenye kila meza palikuwa na chupa ya maji na peremende za bure. Jukwaani, juu ya meza ndefu, kitambaa cha dhahabu kilikuwa kimefunika kitu kinachopumua. Dada alikuwa amekaa nyuma ya meza hiyo, mikono chini ya kitambaa, uso kama wa mtu anayesubiri majibu ya hospitali.

"Ndugu zangu," Mwamshaji alikuwa anasema, "kuna watu wanatembea, wanavaa, wanakula, lakini wamelala."

Daktari aliona jambo ambalo wengine hawakuliona. Midomo ya Shemeji ilikuwa imepauka na maneno yalikuwa yanatoka yakiburuza miguu. Wakurugenzi walisogeza viti mbele. Mmoja alimnong'oneza mwenzake kwamba huo ndio ufundi, ona anavyoshusha sauti. Mwamshaji alisema "wamelala" tena, kisha mara ya tatu, pole pole, kama mtu anayelionja neno. Akashika ukingo wa meza. Akapiga goti, kama alivyozoea, lakini safari hii goti la pili likafuata, kisha kiwiko, kisha shavu. Akajilaza chali juu ya zulia la jukwaa, suti nyeupe na yote, akaanza kukoroma.

Ukumbi ukalipuka kwa makofi.

Dada hakujua afanye nini, kwa hiyo alifanya alichoagizwa. Akasukuma sindano chini ya kitambaa. Daktari alikuwa bado anapenya katikati ya viti na simu zilizoinuliwa juu kupiga picha pale kitambaa cha dhahabu kilipoinuka chenyewe. Kamanda akatokea kama bwana harusi aliyechelewa kuamka. Akaangalia wakurugenzi. Akaruka chini, akampita bwana wake bila hata kumnusa, akaenda moja kwa moja kwenye meza ya vitafunio nyuma ya ukumbi, na watu wa huko wakatawanyika wakipiga makofi huku wanakimbia.

Daktari alipiga goti kando ya Shemeji. Mapigo ya moyo yalikuwa ya chini, ngozi ya baridi. Alimgeuza ubavu ili ulimi usimzibe koo, akamfungua tai, akamwita mtu wa ukumbi alete gari. Nyuma yake watu walikuwa wamesimama kwenye viti, wanaimba kwa pamoja, amka, amka, amka, na yule aliyesifia ufundi alikuwa ndiye kiongozi wa kwaya.

Dada alimshika mkono. Bomba lilikuwa bado mkononi mwake, na tone la dawa ya kuzindua ndani.

"Mdunge na yeye. Imebaki kidogo."

"Hii ni ya wanyama, Dada."

"Kwani kuna tofauti gani? Si umeona Kamanda ameamka?"

"Kamanda nimesomea. Huyu sijasomea. Nipe kichupa cha ile ya kwanza, madaktari wake watataka kujua ni nini."

Dada akampa. Wakambeba Mwamshaji hadi kwenye gari, huku wakurugenzi wakijipanga pande mbili za mlango na kumpigia makofi kama maiti ya mheshimiwa.

Hospitalini walimweka dripu na mashine ya kuhesabu moyo. Daktari wa zamu alikisoma kichupa, akamtazama Daktari, akatazama koti lake lenye madoa, kisha akaandika jina la dawa kwenye faili. Mchana ukapita. Jua lilikuwa linatua Shemeji alipofumbua macho. Neno lake la kwanza halikuwa jina la mkewe. Aliuliza kama wamerekodi.

Walikuwa wamerekodi wote. Kabla dripu haijaisha, picha ile ilikuwa imezunguka nchi nzima: mtu analala, mbwa anaamka. Wengine walisema alihamisha usingizi. Shemeji hakukanusha. Alipopata nguvu alifungua semina mpya juu ya alichokiona alikokwenda, na ukumbi wa kwanza haukutosha watu. Mama alimtaka Daktari amwombe radhi, kwa sababu karibu avuruge mambo. Dada hakuomba radhi kwa mtu yeyote, ila alimrudisha Kamanda kliniki na kusema afadhali akae huko. Tangu siku ile mbwa akiiona suti nyeupe anakunja midomo.

Daktari akaweka kufuli jipya. Akadhani yameisha, mpaka watu walioona kwenye picha bomba mkononi mwa Dada na koti la Daktari walipoanza kuja bila mnyama. Mwanamke mmoja alitaka sindano ya kumzindua mume. Mwalimu mmoja alitaka ya darasa zima. Kisha akaja mkurugenzi, yule yule kiongozi wa kwaya, viatu vinang'aa, akakanyaga kwa tahadhari sakafu ya kliniki na kueleza kwamba ana ofisi nzima ya wafanyakazi wazito, angependa kununua ile sindano kwa jumla.

Daktari alimweleza pole pole, kama anavyowaeleza wenye kuku. Dawa hii haimwamshi mtu mvivu, wala aliyechoka, wala asiyelipwa vizuri. Inamwamsha mnyama aliyelazwa na dawa nyingine, basi.

Mkurugenzi alifikiri. Akauliza ile ya kulaza inauzwaje.

Daktari alimwonyesha mlango. Yule mbuzi wa pembe alikuwa amerudi, anasubiri kwenye benchi la nje na mwenye mbuzi, bandeji imelegea, na Kamanda amelala kati yao, usingizi wake mwenyewe.