Shuka la Kati

Wapo watu wanaodhani kutandika kitanda ni kurusha shuka juu ya godoro na kupigapiga mto. Watu hao Mama Shuka hakuwa na muda nao. Miaka kumi na tisa alikuwa akitandika kwenye nyumba ya wageni, vitanda kumi na sita kwa siku, na wenzake ndio waliompa jina hilo, maana shuka lake likishanyooshwa hata inzi angeteleza. Sasa alikuwa na kitanda cha kumi na saba, cha mama yake mzazi, na hicho ndicho kilichokuwa kinammaliza.

Bibi kizee alikuwa amedhoofika miguu, haja ndogo haikumngoja tena, na nyongani alikuwa ametoka kidonda. Muuguzi wa zahanati, mwanamke mpole asiye na maneno mengi, alikuja nyumbani akakisafisha, akasema kidonda cha namna ile hakiponi kwa dawa peke yake. Kinataka mahali laini, pakavu, pasipo na mkunjo. Kisipopona, mgonjwa atalazwa wodini. Marehemu mumewe alikwenda wodini kwa miguu yake akarudi amebebwa, kwa hiyo wodi ilipotajwa bibi kizee aligeukia ukutani.

Basi Mama Shuka akamtandikia mama yake kama ambavyo hajawahi kumtandikia mgeni. Chini kabisa nailoni ya kukinga godoro. Juu yake blanketi kuukuu la pamba, kwa sababu nailoni ikigusana na shuka mtu anatoka jasho kama yuko jikoni. Kisha shuka la chini, limevutwa na kuchomekwa pembe zote. Kisha shuka la kati, limekunjwa mara mbili na kulazwa kuanzia kiunoni hadi magotini, ili likilowa litolewe hilo tu, mengine yabaki. Ndipo shuka la juu na blanketi jepesi, vimelegezwa miguuni vidole vipate nafasi. Alfajiri alitandika, akaenda kazini kutandika tena, jioni akarudi kufua. Mgongo ulikuwa si wake.

Wiki ya kwanza shuka la kati lililowa kila siku. Wiki ya pili likaanza kubaki kavu. Kila alfajiri akitoka chumbani kwake alimkuta mama ameshaketi kitini, akisema ameamka mapema, naye akamshukuru Mungu kwamba mwili wa mama unarudi, akanyoosha la juu na kuondoka. Mtu aliyechoka akipewa afueni haulizi imetoka wapi.

Lakini kidonda kilizidi kupanuka. Alhamisi asubuhi muuguzi alikifungua, akakisafisha, akakifunga. Akasema ngozi hii inasuguliwa na kitu kigumu, na Jumatatu akikuta hali ni hiyo hiyo hatakuwa na la kufanya, gari litakuja kumchukua. Mama Shuka alijiona mjinga wa mwisho. Vitanda vya watu baki vinasifiwa, cha mzazi wake kinamla nyama! Mganga hajigangi, na siku hiyo msemo huo ulimchoma.

Alikuwa ameshavaa sare. Akapiga simu kazini kuomba ruhusa, akakivua kile kitanda safu moja baada ya nyingine, akipitisha kiganja kutafuta mkunjo, uzi, hata punje ya mchanga. Hakuona kitu. Alichokiona ni mistari ya pasi kwenye shuka la chini, imenyooka kama alivyoipiga siku tatu zilizopita. Mtu akilala hata saa moja mistari ile huvunjika mabegani na nyongani. Kwa wageni angeligundua hilo akiwa mlangoni. Kwake alikuwa akitandika huku amesinzia.

Akainama chini ya kitanda. Palikuwa na gunia limekunjwa, bichi, lina harufu ya mkojo.

"Mama, unalala wapi?"

Bibi kizee alijivutia kanga magotini.

"Sakafuni," alisema. "Alfajiri najivuta mpaka kitini. Siku ile unafua, nilikusikia unasonya. Nikasema, mwanangu anatandikia watu mchana kutwa, na mimi tena nimwongezee?"

Mama Shuka hakukumbuka alisonya lini. Mtu aliyechoka husonya kama anavyopumua. Aliona haya mpaka masikio yakamwaka moto. Akalitupa gunia nje, akatandika upya, nailoni, blanketi, la chini, la kati, akambeba mama na kumlaza kwa ubavu usio na kidonda.

Jumatatu muuguzi alikuta kingo za kidonda zimeanza kukauka, akasema mgonjwa abaki nyumbani. Lakini hayo ni ya Jumatatu. Mchana ule wa Alhamisi Mama Shuka alipanda kitandani na sare yake, akamkumbatia mama kwa nyuma ili asishuke, na usingizi ukawachukua wote wawili.

Alasiri alihisi uvuguvugu unasambaa kwenye shuka la kati, unapenya mpaka pajani kwake. Mama alishtuka, akaanza kujivuta kuelekea ukingoni.

"Dakika tano tu, mama," alimwambia, akamvuta karibu. "Bado nina usingizi."