Turubai la Nyuma ya Goli

Nilimwambia Roelf asubuhi ile, mkate wake wa jibini bado uko mdomoni: sihami. Aje mfalme mwenyewe na farasi wake, Geesje Oosterveld hahami.

"Mama, ni mechi moja tu," akasema.

"Ndivyo mnavyoanza. Leo mechi moja, kesho mmeuza na magoli."

"Nakuomba, Mama."

"Kula, utachelewa."

Roelf ni mwanangu, wa pekee. Kazi yake ni ofisi ya tiketi ya Veenlust, klabu yetu ya hapa, daraja la pili, ambayo mtu wa kutoka nje ya Drenthe, mkoa wetu huku Uholanzi, hawezi hata kukwambia jezi yake rangi gani. Uwanja wetu unachukua watu elfu nane. Siku ya mvua hatufiki elfu mbili, na hao nusu yao wamefuata bia. Lakini kila Jumapili, mechi ikikaribia kwisha, mtangazaji anakohoa kwenye spika na kusema tumefika elfu tatu na mia sita, kwa sababu wanahesabu tiketi zilizotoka, pamoja na zile za bure wanazogawa mashuleni na kwenye mabucha. Jannes, anayekaa nyuma yangu, alikuwa na jibu lake: "Umehesabu na njiwa!" Basi tunacheka sisi, jukwaa zima la nyuma ya goli, mpaka kahawa inamwagika.

Nilicheka mpaka Roelf alipopata kazi pale. Tangu hapo Jannes akipiga kelele zake masikio yananiwaka moto, maana idadi ile inatoka mezani kwa mwanangu.

Niwaambie na hili, ili mjue nilikuwa nachezea nini. Kiwanda cha maziwa ya unga kilipofungwa, Roelf alirudi kwangu, akapanda juu kwenye chumba chake cha utotoni, akashusha mapazia. Miaka miwili. Mwanamume wa miaka arobaini na nne! Nilikuwa nasimama chini ya ngazi na sahani ya chakula, nasikiliza kama anapumua. Halafu Veenlust wakamchukua kwa majaribio ya msimu mmoja. Siku ya kwanza alishuka ngazi kavaa tai, na mimi nikaenda kulia bafuni asinione.

Basi nikavimba kichwa. Uwanjani ikawa mwanangu hiki, mwanangu kile. Nikawaahidi watu wa safu yetu mito ya kukalia. Nikamwahidi Trijn, shoga yangu wa siti ya kushoto, kwamba paa linalomvujia litazibwa kabla ya Krismasi. Hata sikuwa nimemuuliza mtoto.

Mito haikuja. Lililokuja ni turubai.

Jumapili ile televisheni ilikuwa inakuja kurusha mechi yetu moja kwa moja, na tajiri mmoja wa nyanya, mwenye mabanda ya vioo makubwa kama mji, alikuwa anakuja kutazama kama sisi ni watu wa kutiwa pesa, jina lake likae kifuani mwa jezi. Sasa kamera inaona wapi? Inaona jukwaa refu la upande wa pili, lenye mapengo kama mdomo wa mtoto wa darasa la kwanza, na inaona kwetu nyuma ya goli, ambako tumetawanyika wawili hapa watatu pale. Roelf akapata wazo: wote wa nyuma ya goli tuhamie jukwaa refu, lijae, na siti zetu zifunikwe turubai la kijani na nyeupe. Atakayehama anapata supu ya njegere bure. Mambo yakienda vizuri, mkurugenzi mpya, Duursma, mtu wa kutoka magharibi asiyemjua mtu yeyote hapa mjini, atampa Roelf mkataba wa kudumu. Yakienda vibaya, unga umemwagika, na mapazia yale yanashuka tena.

"Wewe ukihama wa kwanza wote watakufuata," aliniambia. "Wanakuogopa."

Kweli wananiogopa. Na ningesema ndiyo, jamani, ningesema, kama habari haikuwa imeshatangulia kufika kwa Trijn.

"Kwa hiyo huyo mwanao ndiyo anatuhamisha kama makreti?" aliniuliza kwenye mechi iliyotangulia, mbele ya safu nzima. "Ndiyo ile mito hiyo?"

"Labda mito iko chini ya turubai," akasema Jannes.

Walicheka mpaka wakashikana mabega. Uso ulinishuka, nikaona aibu ya mtu aliyevuliwa kofia akakutwa hajachana nywele. Na mimi nikiona aibu, mdomo wangu hauna breki. Nikasimama. Nikasema mtoto ni mtoto na siti ni siti, na kwamba Jumapili ijayo watanikuta hapa hapa, na anayejiita shabiki wa Veenlust na akae na mimi.

"Tuko pamoja, Geesje!" wakasema wote. Jannes akanipa na mkono.

Basi Jumapili nikafika mapema na chupa yangu ya kahawa. Safu tupu. Nikasema moyoni, wanakuja, Trijn hana saa huyo. Nikamwaga kahawa, nikanywa, nikamwaga tena. Ndipo nikasikia mtu anapiga mluzi kutoka jukwaa refu. Nikatazama: kofia ya zambarau ya Trijn! Kando yake Jannes, kando ya Jannes safu yangu nzima, kila mmoja na kikombe kinafuka moshi.

"Njoo bwana!" Trijn alikuwa anapunga kijiko. "Ina soseji!"

Wasaliti wakubwa! Kwa soseji!

Hapo ndipo ningeinuka. Kwani ilikuwa kazi gani? Ni kushuka ngazi na kuzunguka kona ya uwanja. Lakini ningezunguka mbele ya macho yao wote, mimi niliyeapa, na Jannes angepata la kusema mpaka nizikwe. Miguu ikakataa. Nikakaza shingo, nikajifanya nasoma ubao wa matangazo.

Roelf akaja na vijana wawili na turubai. Alikuwa kavaa suti niliyompigia pasi mwenyewe.

"Mama, inuka," akasema kwa sauti ya chini.

"Niko sawa hapa."

"Mama, wote wamekwenda. Umebaki peke yako."

"Basi hakuna wa kunisumbua."

"Kamera zinawashwa sasa hivi. Mama, tafadhali. Tafadhali."

Alisema mara mbili tafadhali ile. Mimi nilikuwa natazama kofia ya zambarau. Roelf akasubiri, akatazama saa, halafu akawageukia vijana, akawaambia kwa sauti iliyokauka, "Lipitisheni tu."

Wakalipitisha. Kijana mmoja akaniambia, "Bibi, inua miguu kidogo," nikainua. Turubai likafunika mbele yangu, kushoto, kulia na nyuma, na ukingo wake ukanifika kifuani. Upepo ukawa unalipandisha juu, nikalishika kwa mikono miwili. Kwa mtu wa mbali, nilikuwa ajuza kajifunika shuka katika kitanda cha ukubwa wa jukwaa zima, kichwa nje, skafu shingoni.

Mwanzoni hakuna aliyejali. Mpira ulikuwa upande wa mbali, kwenye goli letu. Nikaanza kufikiri, sasa mtu akitoka hapa anatokaje? Atambae chini yake? Halafu kipa wetu akapiga mpira mrefu, upepo ukaurudisha, ukawa mvurugano mtupu, na baadaye tukabadilishana nao mashambulizi mpaka beki wao, kabla tu ya mapumziko, akamwangusha mshambuliaji wetu ndani ya boksi. Kwenye goli gani? Walikuwa wamebadilishana pande mwanzoni mwa mechi, siku hiyo kati ya siku zote. Goli langu.

Penalti. Kamera zote zikageuka kwangu.

Sikujua kama nimeonekana mpaka jukwaa refu lilipoanza kuimba. Kwanza wachache, halafu lote, wimbo wa kubembelezea watoto, taratibu kabisa: "Bibi kalala, bibi kalala, msimwamshe bibi!" Watu ambao hawajawahi kuimba kwa pamoja msimu mzima! Nikamtafuta Trijn. Alikuwa anaimba. Jannes anaongoza kwa kijiko.

Mpigaji wetu akaweka mpira, akainua macho, akaniona. Nikaona meno yake. Akajikaza, akainama, akacheka tena, akakimbia na kupiga. Mpira ulipita juu ya mwamba, ukadunda kwenye turubai, ukaviringika polepole ukaja kunikalia mapajani.

Nikaushika. Sikujua niufanye nini. Watu elfu mbili wanacheka, refa ananionyesha ishara niurushe, na turubai limenibana, mikono haifiki popote. Niliusukuma tu ukaviringika chini. Nilitamani ardhi ipasuke. Sikuwa hata na pa kuficha uso ila chini ya turubai lenyewe, na niliinamia kweli, na wakazidi kucheka.

Filimbi ya mapumziko ikalia. Nikawaona wanakuja kwa ngazi za pembeni: Duursma mbele, simu mkononi, tajiri wa nyanya nyuma yake anajifuta machozi ya kicheko, na Roelf mwisho.

"Jana nilikuuliza kama wote wamekubali kuhama," Duursma alikuwa anamwambia Roelf, bila kunitazama. "Ukasema wote. Sasa nchi nzima inatucheka. Huyu ni nani?"

Roelf akatazama turubai.

"Nakuuliza. Huyu bibi ni nani?"

"Simjui," akasema Roelf.

Nilikuwa na maneno, msidhani sikuwa nayo. Ulimi ulishainuka: mwambie nani alikupigia pasi hiyo suti! Mwambie unalala nyumba ya nani! Nikamtazama usoni nimrushie, na nikaona shingo yake imetoka mabaka mekundu mpaka kwenye kola, na macho ameyakaza kwenye turubai kama mtoto anayengoja kuchapwa. Mimi ndiye niliyemfikisha pale. Angesema nini? Kwamba ameshindwa kumhamisha mama yake mzazi, na atajaza uwanja mzima vipi?

"Kweli, hatujuani," nikamwambia Duursma. "Huyu bwana kaniomba kwa adabu zote. Mimi ndiye sikumsikia, masikio ya kizee haya. Kosa si lake."

Mimi, ninayesikia bomba la jirani likivuja!

Tajiri wa nyanya akacheka. "Angekuwa mama yangu huyu, siku za mechi ningemfungia kabatini."

Duursma akacheka kumfuata. Na Roelf, mwanangu, akacheka pia.

Akanisaidia kutoka chini ya turubai. Hakunishika mkono, alinishika kwenye ncha ya mkono wa koti, akaniteremsha ngazi. "Taratibu, bibi," akaniambia, maana Duursma alikuwa bado karibu. Nikaona aibu ambayo sikuiona hata kwenye penalti. Ile ya penalti ilikuwa ya kuchekwa tu.

Jioni alirudi, akasimama jikoni na koti lake.

"Mama," akaita.

"Viazi vinapoa."

"Nitamwambia Duursma ukweli. Kesho."

"Ukimwambia kesho atajua ulimdanganya leo, na pesa ya nyanya bado haijasainiwa. Kaa ule."

Akakaa, akala. Hakubisha sana. Nilingoja abishe zaidi, nasema kweli, nilinyanyua sahani zake polepole ili apate nafasi.

Nyanya ikasainiwa, tajiri alisema hajawahi kuona jezi isiyojulikana ikitazamwa na watu wengi namna ile. Roelf akapewa mkataba wa kudumu. Mapazia yako juu, anaimba bafuni asubuhi, na mimi nashukuru, sikatai, nashukuru.

Siku hizi nakaa jukwaa refu. Trijn amenitengea nafasi kando yake. Yeye na Jannes waliona yote na wanajua yote, na hakuna hata mmoja aliyenitania, hata kidogo. Mtangazaji akisoma idadi yake, Jannes anafunga mdomo kwa ajili yangu. Heri angenicheka.

Duursma amenizoea. Anaitembelea safu yetu kabla ya mechi, anagawa supu mwenyewe, anaamini ndivyo watu wa huku wanavyopendwa. Jumapili iliyopita alikuja na Roelf nyuma yake amebeba sinia.

"Bibi yetu wa turubai!" akasema, akaniinamia kwa upole kabisa, si mtu mbaya. "Unakuja peke yako kila mara. Huna watoto? Waambie waje, tutawapa tiketi. Watu ndio tunaowatafuta."

Trijn aliacha kutafuna. Roelf alikuwa amesimama hatua moja kutoka kwangu, sinia mikononi, nikamtazama. Nilimpa muda. Nilikoroga supu yangu duara zima, na duara jingine.

"Bwana Duursma," akasema Roelf, "timu zinatoka."

"Sina," nikamjibu Duursma. "Sikujaliwa."