Mwendo wa Kunguru

Kunguru alikuwa ameshapiga hatua mbili, bado ya tatu, Urpo alipoingia na barua mkononi. Hakuvua viatu. Kwa miaka mitatu mtu huyu hakuwahi kukanyaga sakafu ya Maire na viatu, kwa hiyo Maire akajua kuna balaa kabla hajasalimiwa.

"Maliza hatua kwanza," Urpo akasema. "Usimwache na mguu hewani."

Kunguru mwenyewe alikuwa vipande kumi na vinne vya karatasi vilivyolazwa juu ya kioo, kamera ikimtazama kutoka juu. Unasogeza kipande unene wa ukucha, unapiga picha, unasogeza tena. Kutwa nzima ukipata sekunde tano, shukuru. Maire Vehviläinen alikuwa ameandika na kuchora vitabu kumi na kimoja vya watoto, na hakuna maktaba ya Tampere, mji wetu huu wa Ufini, isiyokuwa navyo. Pamoja na sifa zote hizo alipanga vyumba viwili kwenye nyumba ya mbao kule mtaa wa Pispala, na kila Novemba alibandika karatasi kuzunguka madirisha ili upepo usimlaze macho.

Kuchora alijua. Kutembeza hakujua. Kunguru wake wa kwanza alitembea kama meza inayosukumwa. Urpo Lehtovaara, jirani wa ghorofa ya chini, mkata ngozi wa kiwanda cha viatu kilichofungwa, alipanda siku moja kumtengenezea taa, akatazama kidogo, akasema, "Huyu ndege wako hana nyonga." Akamkata upya kwa kisu chake cha viatu. Tangu siku hiyo akawa anapanda ngazi kila asubuhi saa mbili, na mwendo wa kunguru, ule ambao watoto walioona vipande vya filamu maktaba walikuwa wakiuiga barabarani, ulitoka mikononi mwake.

Barua ilitoka ofisi ya kazi. Waliitwa wote wawili, saa saba mchana, siku hiyo hiyo. Nyuma yake palibanwa kipande cha gazeti.

"Nani kawaambia?" Maire akauliza.

"Si wewe?" Urpo akajibu, bila ubaya wowote.

Ni kweli. Wiki mbili kabla, mwandishi wa habari alikuja kunywa kahawa, na Maire, kwa nia njema kabisa, akamwambia: bila Urpo hakuna kunguru; huja kila asubuhi, kuwe na baridi kusiwe na baridi, mwaka wa tatu sasa. Gazeti likayachapa maneno hayo kwa herufi nene. Mdomo huponza kichwa, ila safari hii kichwa kilichoponzwa kilikuwa cha mwenzake.

Ofisini walichukua namba ya foleni, tisini na saba. Ubao ulikuwa kwenye sitini. Wanaume wa viwandani walikaa na makoti yao, hakuna aliyemtazama mwenzake. Namba yao ilipofika, waliingia kwa Bi. Nygrén, mwanamke kijana mwenye macho ya kukosa usingizi, kipande kile kile cha gazeti kikiwa mbele yake.

"Bwana Lehtovaara analipwa posho ya wasio na kazi," akaanza. "Gazeti linasema anafanya kazi kwako kila siku. Umemwajiri?"

"Sijawahi kumlipa hata senti. Ruzuku niliyopata ilitosha kodi na filamu tu."

"Basi ni mshirika wako. Na mshirika ana biashara, hawezi kusema hana kazi. Itabidi arudishe posho ya miaka yote mitatu."

Urpo aliitazama kofia yake. Mkewe alikuwa na ugonjwa wa mapafu, na nyumba yao ilikuwa na vitu vya kuuza, ila vyote vingeisha kabla ya kufikia fedha kama hizo. Maire alijua hivyo. Alijua pia kwamba ni yeye aliyemleta hapa.

"Ni talkoot," akasema.

Bi. Nygrén akainua kichwa. Huku kwetu neno hilo lina heshima yake. Ndiyo kazi ya ujima: jirani anakuezekea paa, unampa supu na kahawa, hakuna mshahara wala mkataba, na hata wakubwa wa serikali huona haya kuligusa.

"Ujima ni sawa," Bi. Nygrén akasema polepole, kama aliyekuwa akilisubiri neno hilo. "Lakini kazi ya ufundi siwezi kuiita ujima. Alikuwa anafanya nini hasa?"

"Alishika taa."

"Na nini tena?"

"Alichemsha kahawa. Alifagia vipande."

"Na kumtembeza kunguru?"

"Hapana," Maire akasema. "Hiyo ni kazi yangu."

Urpo aliitikia kwa kichwa, kama mzazi anayemsikiliza mtoto akisoma vizuri. Maire aliona aibu. Chini ya aibu akakuta nafuu, kwa sababu mkataba wa televisheni uliokuwa mezani kwake ulikuwa na mstari mmoja tu wa jina la mtengenezaji, na kwa wiki nzima alikuwa hajui aandike nini. Sasa serikali imemwandikia. Nafuu hiyo ilimchukiza kuliko uongo wenyewe.

"Mwanangu alimwona huyo kunguru maktaba," Bi. Nygrén akasema huku akigonga muhuri. "Sasa anakwenda chekechea kwa mwendo ule ule. Unafanyaje, kwa kweli?"

"Mazoezi," Maire akajibu.

"Jumapili filamu inaonyeshwa kwenye televisheni, sivyo? Jina la Bwana Lehtovaara limo mwishoni?"

"Limo," Maire akasema. "'Mwendo: Urpo Lehtovaara.'"

Bi. Nygrén aliweka muhuri chini, akapunguza sauti. "Mkuu wangu naye ana televisheni nyumbani. Mimi sijasikia ulichosema. Ila Jumapili jina hilo nisilione."

Walipanda kilima, theluji nyepesi ikiyeyuka mabegani mwao. Karibu na duka Urpo akacheka. "Kumbe mimi ni mchemsha kahawa! Jinsi ilivyopanda bei mwaka huu, hicho ni cheo."

"Nisamehe, Urpo."

"Kwa lipi? Umeniokoa."

"Nimekuibia."

"Haya, na hilo pia," Urpo akasema. "Watu wa televisheni wanakuja kuchukua utepe wa filamu lini?"

"Kesho asubuhi."

"Basi twende, giza linaingia."

Mwishoni mwa utepe jina la Urpo lilikuwa na sekunde tatu, picha sabini na mbili. Maire aliuweka utepe mezani, akashika wembe, akaushusha, akaushika tena. Muziki ulikuwa umechapwa kandoni mwa utepe. Ukikata vibaya, filimbi inaruka na mtoto aliye mbele ya televisheni anashtuka.

"Siwezi," akasema. "Nitawapigia simu niwaambie haiuzwi."

"Ukale nini?" Urpo akavuta kiti. "Lete huku. Wewe utaiharibu."

Alivaa miwani. Alisogeza utepe mbele na nyuma mpaka akapata mahali filimbi inapovuta pumzi, akakata. Akakata tena chini yake. Akakutanisha ncha mbili, akapaka gundi, akabana, akahesabu hadi sitini kwa sauti ndogo. Kile kipande kilichobaki alikikunja, akakiweka kwenye ndoo ya takataka pamoja na vipande vingine.

Kisha wakazima taa, wakautazama ukutani kwa projekta. Kunguru alitembea mpaka ukingoni mwa theluji, akatoka. Likaja jina la Maire, kubwa, peke yake, likafuatwa na giza.

"Umeona kiungo?" Urpo akauliza.

Maire akatikisa kichwa.

"Hata mimi sijakiona," akasema Urpo, na uso wake ulikuwa umejaa fahari ya fundi. Akaurudisha utepe mwanzo, akamwomba watazame tena.