Bao la Dakika ya Sabini na Moja

Jumapili ya tarehe 8 Oktoba 1939, Keller hakucheza. Jumapili iliyofuata hakucheza tena, wala ile ya tatu, na Prudencia, aliyekuwa akiyaandika matokeo hayo kwenye kompyuta huko Buswelu, Mwanza, miaka themanini na sita baadaye, akaanza kumngoja.

Hakuwahi kukanyaga Uswisi. Alikuwa katibu muhtasi kwa miaka ishirini na minne, mpaka ofisi ilipotambua kwamba wakubwa wanaweza kuandika barua zao wenyewe. Kazi hii ilitoka kwa Urs, mzee wa Kiswisi aliyewahi kufundisha ufundi seremala Mwanza na sasa, katika uzee wake, anaandika historia ya klabu ya mji alikozaliwa. Ni mji mdogo wa watengeneza saa na klabu ya daraja la tatu. Urs anapiga picha kurasa za magazeti ya zamani na kuzituma. Prudencia anazipanga kwenye safu: tarehe, mwenyeji, mgeni, mabao, wafungaji. Kijerumani hajui, lakini majina na namba hazihitaji mkalimani, na yale maneno machache yanayojirudia alikwisha kuyazoea.

Msimu huo ulikuwa wa vita. Nchi ya Urs haikupigana, lakini iliwaita wanaume wake wakasimame mipakani na bunduki, na ligi ikaendelea na waliobaki. Mechi ziliahirishwa kwa sababu kipa yuko zamu mlimani. Timu moja ilikuja na watu tisa. Prudencia aliwafahamu wote: Brunner kipa, ndugu wawili walioitwa Frei, na Keller, winga wa kushoto, aliyeitwa jeshini mwezi Septemba. Katika nyumba yake ya vyumba viwili hakuna aliyebisha hodi zaidi ya msoma mita. Kuna wiki watu aliowataja kwa sauti walikuwa hao tu.

Aprili 1940 Keller alirudi. Alifunga mabao mawili. Prudencia alifurahi akajimiminia kikombe cha pili cha chai, jambo ambalo hulifanya akiwa na mgeni.

Kwenye gazeti la wiki iliyofuata mabao yale hayakuwepo. Ushindi wa mbili kwa moja ulikuwa umegeuzwa kuwa kipigo cha tatu bila. Alidhani amekosea kusoma, akamwandikia Urs. Jibu lilikuja kwa Kiswahili chake cha darasani: "Dada Prudencia, hujakosea. Wapinzani walipewa ushindi wa mezani. Siku ile Keller alikuwa bado mpakani. Aliyecheza ni binamu wa kipa, akitumia jina la Keller. Wakati wa vita mambo haya yalitokea. Safu ya wafungaji uiache wazi."

Alisoma mara moja tu. Kisha akainuka, akaenda kwenye kabati, akatoa misale ya marehemu mama yake, kitabu chake cha misa.

Ndani ya misale ile kulikuwa na kipande cha gazeti chenye ukubwa wa kiganja, kilichopata rangi ya majani ya chai. Kilikuwa kimefungia sabuni dukani huko Kamachumu, mwaka 1979, na mwenye duka ndiye aliyekiona kwanza. Matokeo ya ligi daraja la tatu, Mwanza, Jumapili tarehe 22 Aprili: Nyota ya Mkuyuni 1, Wavuvi 0. Mfungaji, Jovinary Rwegasira, dakika ya 71.

Jovinary ni baba yake. Alikuwa akifanya kazi Mwanza na kuichezea Nyota siku za Jumapili, huku mkewe Bernadetta akikaa Kamachumu na mtoto wa mwaka mmoja. Vita vya Kagera vilipoanza alijiunga na wanamgambo, akaandika barua mbili, kisha kimya. Mwezi Agosti ikaja barua ya jeshi: ametoweka Februari, ng'ambo ya mpaka, hajaonekana. Bernadetta aliisoma akiwa na kile kipande cha gazeti mkononi. Alisema maneno aliyoyarudia mpaka kifo chake.

"Mtu hapotei Februari akafunga bao Aprili."

Siku hiyo hiyo aliitia picha ya harusi motoni, chini ya chungu cha ndizi. Kijijini wakasema Jovinary ni mtoro, amelikimbia jeshi, yuko Mwanza anacheza mpira, na bila shaka hachezi peke yake. Prudencia alikua akiitwa mtoto wa mtoro. Kila Novemba, parokia ilipokusanya majina ya marehemu wa kuombewa, mama yake aliandika wazazi wake, shangazi zake, hata jirani aliyemchukia. Jovinary hakumwandika. Mtu aliye hai na mwanamke mwingine haombewi kama marehemu.

Bernadetta alikuwa na miaka mitatu kaburini. Prudencia alikuwa ameishi Mwanza miaka ishirini na mitano, na katika miaka hiyo yote hakuwahi kwenda Mkuyuni kuuliza. Mara nyingine sokoni alimkazia macho mzee mrefu aliyekuwa akichagua nyanya, kisha akageuka haraka. Aliogopa kwamba angeuliza na mtu angemjibu: ndiyo, tulimjua, aliishi pale, watoto wake wapo.

Asubuhi iliyofuata alikwenda Mkuyuni.

Nyota haikuwepo tena. Pale palipokuwa na klabu pana duka la vifaa vya ujenzi. Aliulizia kwa mafundi viatu, kwa wauza vitunguu, kwa mama mmoja wa mgahawa aitwaye Gladness ambaye marehemu baba yake alikuwa katibu wa klabu. Gladness hakuacha kukanda unga. Alisema waliocheza miaka ile wameisha karibu wote, labda Machibya, fundi cherehani, aliyehamia Kamanga, ng'ambo ya ziwa. Akamtazama Prudencia juu hadi chini, akauliza kama anatafuta mume, maana Machibya ni mjane lakini kiziwi wa sikio moja.

"Natafuta bao," Prudencia akasema, na Gladness akacheka kwa adabu kama mtu ambaye hakuelewa.

Kivuko cha saa sita hakikujaa. Alikaa kwenye benchi la pembeni, mkoba mapajani, misale ndani ya mkoba. Miamba ya Mwanza ilirudi nyuma taratibu na hakuna aliyemsemesha. Akiwa katikati ya maji alifikiri kwamba angeweza kufika Kamanga, akanunua soda, akageuka na kivuko hicho hicho. Hapo bado angekuwa na baba wa nusu kwa nusu: nusu iliyokufa, nusu iliyokimbia. Alikuwa amemzoea hivyo.

Cherehani ilikuwa barazani, hatua chache kutoka gatini. Mzee Machibya alikuwa na miaka ya sitini na kitu, mwembamba, futi ya kupimia shingoni. Prudencia alimwamkia, akaitikiwa marahaba bila kuinuliwa macho.

"Kama ni sare za kwaya, mayu, foleni inafika Krismasi," alisema, akimwita mama kwa Kisukuma.

Hakuwa na sare. Akakaa kwenye kigoda cha wateja upande wa sikio zima, akafungua misale, akaweka kipande cha gazeti juu ya kitambaa alichokuwa akishona mzee. Machibya alikisogeza karibu na macho. Mguu wake ukasimama juu ya pedali.

Akauliza amekipata wapi.

"Kilifungia sabuni Kamachumu. Mimi ni binti wa Jovinary."

Prudencia, ambaye njia nzima alikuwa amepanga maswali kwa mpangilio, akajikuta amebaki na moja tu. Akaliuliza kama linavyoulizwa swali dirishani kwa karani.

"Hilo bao alilifunga yeye?"

"Hapana," Machibya akasema. "Nililifunga mimi."

Akaeleza, na mwanzoni alieleza kama anayejitetea mbele ya chama cha mpira. Vita vilipoanza, Nyota ilitoa watu tisa. Sheria ilisema msimu ukianza hakuna kusajili mwingine. Anacheza mwenye kadi. Katibu, baba yake Gladness, angeweza kuandika barua, kuwaondoa wale tisa na kuwaombea wapya ruhusa. Hakutaka. Alisema majina yote yanabaki kwenye fomu, na vijana watacheza kwa kadi za walioondoka. Mamluki, ndiyo, kila mtu alijua, na timu nyingine zilikuwa zikifanya hivyo hivyo. Machibya alikuwa fundi mwanafunzi sokoni, ana mguu mzuri wa kushoto. Akapewa jezi namba kumi na moja na jina la Jovinary Rwegasira.

"Hatukuona ni wizi," alisema. "Tulikuwa tunamtunzia nafasi. Ukimfuta mtu kwenye orodha unakuwa umemzika. Tulisema atarudi, atakuta amefunga mabao, atacheka."

Mabao yalikuwa manne. Lililoingia gazetini ni moja.

Julai alirudi Luhaga, beki, mmoja wa wale tisa, ambaye sasa naye ni marehemu. Yeye ndiye aliyekuja na habari. Mwezi Februari walikuwa wakivuka kinamasi ng'ambo ya mpaka, wameshikana mikanda, mmoja nyuma ya mwingine. Jovinary alikuwa nyuma ya Luhaga, amemshika mkanda. Risasi zilipoanza Luhaga aliusikia mkanda unavutwa kwa nguvu, halafu ukalegea. Alipofika ukingoni na kugeuka, nyuma yake palikuwa na maji matupu. Klabu ilisimama dakika moja uwanjani kumkumbuka. Waliijua Kamachumu kwa jina tu. Katibu alisema jeshi litaandika kwa mkewe.

"Liliandika," Prudencia akasema.

Akamweleza yaliyobaki. Hakupaza sauti. Alimweleza kuhusu sabuni, picha iliyochomwa, Novemba arobaini na tatu. Machibya alisikiliza akiwa ameelekeza sikio lake zima, na alipoelewa, mkono wake ulikwenda shingoni, ukaivuta ile futi polepole mpaka ikaanguka.

"Hatukujua gazeti linafika huko," akasema. "Mimi nilinunua nakala tatu siku ile. Jina halikuwa langu, lakini nilinunua."

Prudencia alitaka kumchukia. Alijaribu hata, akiyatazama yale mabega membamba, lakini aliona kijana wa miaka kumi na saba amesimama kwenye kibanda cha magazeti, anasoma jina la mtu mwingine na moyo unamdunda. Naye majina mangapi ya watu wengine alikuwa ameyafurahia hivyo, Buswelu, kwenye magazeti ya Kijerumani.

Mzee akavuta droo ya cherehani. Akaondoa bobini, sindano, vifungo, akatoa kadi ya mchezaji, ndogo, ya karatasi ngumu. *Nyota ya Mkuyuni. Jovinary Rwegasira. Na. 11.* Pembeni kulikuwa na picha.

Prudencia aliipokea kwa mikono miwili. Uso wa baba yake hakuukumbuka.

Uso haukuwepo. Paji, macho, pua, mdomo, vyote vilikuwa vimefifia kuwa doa jeupe, karatasi imechakaa mpaka nyuzi zake zinaonekana. Palikuwa pamebaki kola ya shati, kipande cha bega, na sikio la kulia.

"Refa alikuwa anatazama picha, halafu anamtazama mtu," Machibya akasema, na sasa sauti yake ilikuwa imeshuka sana. "Yeye na mimi hatukufanana. Katibu akaniambia niisugue. Nikaisugua kwa mate na nta ya mshumaa, kila Jumamosi kidogo kidogo, ili ionekane imechakaa yenyewe. Nisamehe, mayu."

Prudencia aliuliza baba yake alifananaje. Mzee akasema alikuwa mrefu, alikuwa akipiga mluzi akifunga viatu, kisha akanyamaza kwa sababu miaka imepita na hakutaka kumbunia. Prudencia alimshukuru kwa hilo kuliko kwa yote. Alipoinuka kuondoka akasema tu kwamba kadi anaichukua, na Machibya akasema ni yake tangu zamani.

Kwenye kivuko cha kurudi aligusa sikio lake la kulia, mara moja, akijifanya anaweka sawa nywele. Halikumwambia kitu. Ni sikio tu.

Nyumbani alifungua kompyuta. Mechi ya Aprili 1940 ilikuwa bado inamngoja, safu ya wafungaji ikiwa tupu kama alivyoagizwa. Akamwandikia Urs: "Yule binamu wa kipa alikuwa na jina. Naomba ulitafute. Na uandike pia kwamba Keller hakuwepo siku hiyo, asije mtu wa kwao akadhani alirudi."

Kisha akaivuta bahasha ya parokia, ile ya mwezi wa marehemu, iliyokuwa mezani tangu Jumapili. Ilikuwa na mistari kumi. Kwenye wa kwanza aliandika Bernadetta, kama alivyofanya kila mwaka tangu mama yake afariki. Kwenye wa pili aliandika Jovinary, kwa herufi kubwa, taratibu, akijaza mstari wote.

Mistari minane ilibaki. Aliitazama mpaka chai ikapoa, kikombe kimoja, halafu akaifunga bahasha.