Baba, Sema ni la Ukoo

Fulgence asinisalimie. Hata tukikutana kanisani, apite zake.

Alikuja kwetu Mshangano na kamera, anatengeneza filamu ya maisha ya wakulima wa Songea. Kijana mpole, shikamoo nyingi, akila ugali wetu anausifia mpaka unaona haya. Baba akampenda. Akamtembeza shamba zima na kumweleza lilivyopatikana: alilinunua kwa Hassani, mfanyabiashara wa Tunduru, kwa hela ya tumbaku aliyolima Namtumbo enzi za ujana wake. Akamwambia pia kwamba akifa litakuwa langu mimi, Leticia, kwa sababu ndimi niliyebaki kumtunza.

Fulgence akakuna kichwa. "Baba, habari ya kununua haina mvuto. Sema ni la ukoo, mmerithi kwa mababu. Watu wanapenda hivyo."

Baba akacheka. Kwake mgeni hanyimwi kitu, sembuse maneno. Akavaa koti lake la kanisani, akasimama katikati ya mahindi. "Shamba hili ni la ukoo. Tumerithi kwa mababu zetu." Kisha akamgeukia Fulgence. "Nimesema vizuri, mwanangu?"

"Vizuri sana, baba."

Mwaka jana tukamzika. Matanga hayajapoa, baba mdogo Otto akaitisha kikao cha ukoo. Hassani alishafariki, na mashahidi wa mauziano nao wametangulia. Otto hakuhangaika kubishana na mimi. Alitoa simu akaweka filamu. Shamba la ukoo haliendi kwa binti, akasema, na mwenye shamba mwenyewe mmemsikia.

Nikaomba wanisubiri, nikampigia Fulgence. Nilijua kipande kizima anacho, na ushauri wake wote umo mle ndani.

"Pole sana, dada Leticia. Ila filamu imeshapata tuzo. Nikikitoa hicho kipande, wataniambia nilimpangia mzee maneno."

"Kwani hukumpangia?"

Akarudia habari ya tuzo.

"Kwa hiyo bora mwongo awe baba yangu, siyo wewe?"

Akasema mtandao unasumbua, atanipigia. Mpaka leo unasumbua.

Kikao kiliporudi, Otto akaweka ile simu katikati yetu. Nilikuwa na hasira ya kuipasua. Lakini baba alipotokea na koti lake, anacheka, nikalia kama siku ya msiba. Nyumbani tuna picha zake za ukutani tu, hakuna inayotoa sauti. Wakaelewana pale pale, shamba likaenda kwa Otto, na mimi ni wa kulima kwa kuomba ruhusa.

Walipoanza kuinuka, nikamwomba Otto airudie. Alidhani natafuta kosa. Nilitaka kumwona baba, basi. Baba akasema yale maneno yake, akaanza kugeuka, akafungua mdomo aulize kama amesema vizuri, na hapo Fulgence amekata.