Amri Isiyopokelewa

Fundi milango alikuwa na elimu yake ya sheria, aliyoiokota kwa kinyozi: amri ya mahakama usiyoishika mkononi haikuhusu. Aliiamini kwa moyo wote, maana ilimfaa.

Kaka yake alipofariki, hata arubaini haijaisha, alikitia kufuli chumba alimoshonea shemeji yake. Cherehani ikabaki humo, pamoja na sare za shule zilizokwisha kukatwa lakini hazijashonwa. Mjane akabembeleza, akalia, akaona anapoteza machozi bure, akaenda mahakamani. Hakimu akaamuru chumba kifunguliwe ndani ya siku tatu.

Tarishi wa mahakama alipoleta karatasi ya amri, fundi akabana mikono yake kwapani kama mtu mwenye baridi. Mkewe, kwa maagizo ya mumewe, akazamisha yake kwenye beseni la kufulia.

"Ina sabuni, kaka," akasema. "Hatuwezi kupokea."

"Inasema mfungue chumba ndani ya siku tatu," tarishi akajibu. "Kesho naibandika mlangoni."

Mtu mwingine angeona haya. Huyu alichukua bisibisi, akang'oa mlango wake wa mbele na fremu yake, akauegemeza nyuma ya kabati. Kesho yake tarishi akakuta tundu. Alilitazama kwa muda, akaandika kitu kwenye daftari lake, akaenda zake. Fundi akatamba mtaa mzima kwamba amewapiga chenga, huku kuku wa jirani wakitaga sebuleni kwake.

Siku tatu zikapita, kisha kumi. Shemeji akarudi mahakamani kulalamika kwamba amri imedharauliwa. Fundi alipoitwa ajieleze alikwenda mbio, suruali imepigwa pasi, kifua mbele.

"Mheshimiwa, mimi amri sikuipokea."

"Na mlango wako uliung'oa kwa nini?" hakimu akauliza.

"Ili isibandikwe, Mheshimiwa."

"Nini isibandikwe?"

"Si hiyo amri ya kumfungulia shemeji chumba ndani ya siku tatu!" Alilitoa jibu kwa madaha, hata akageuka kuona kama watu wamemsikia.

Walikuwa wamemsikia. Hakimu akavua miwani, akaifuta taratibu.

"Siulizi uliishika kwa mkono gani. Nauliza kama uliijua, na umenijibu vizuri kuliko wakili wa shemeji yako."

Kifungo siku thelathini, na ufunguo uwekwe mezani papo hapo. Shemeji akauchukua upesi. Sare zilitakiwa Jumatatu.

"Mkeo nitakuwa namchungulia, shemeji," akamwambia. "Nyumba haina mlango ile."

Karani akamnyooshea fundi hati ya kifungo, na mikono yake, kwa mazoea, ikakimbilia kwapani.

"Tulia, mzee," askari akamwambia, akimshika kiwiko. "Hii wala huna haja ya kuipokea."